Kofia, Mkanda na Mwali: Historia ya Majina ya Ushindi wa Mfululizo Michezoni

Anayefuatilia michezo kwa Kiswahili, redioni au gazetini, hapitishi wiki bila kukutana na "hat-trick". Mshambuliaji akifunga mabao matatu, mtangazaji hulitamka kama neno la nyumbani. Kwenye tenisi tunasikia "Grand Slam", kwenye mbio za farasi "Triple Crown", na kwenye mpira wa kikapu Wamarekani wana "three-peat". Yote ni majina ya mafanikio yanayofuatana au yanayokusanywa pamoja, na kila moja lina historia iliyoanza mbali na uwanja linakotumika leo.

Ukiyachunguza kwa pamoja, mambo mawili hujitokeza. Kwanza, majina haya hayakubuniwa sana na wachezaji wakiwa uwanjani. Yalitoka kwa watu wa pembeni: watazamaji waliochangishana fedha, wauza kofia, wacheza karata, waandishi wa magazeti, na hata kocha aliyekwenda kulisajili neno kama mali. Pili, mengi yalizaliwa na sharti kali la mfululizo, kwamba tendo la pili lifuate la kwanza bila kitu kuingia kati. Jina liliposafiri kutoka mchezo mmoja hadi mwingine, sharti hilo lililegea, na kila lilipolegea wapenzi wa michezo walibuni jina jipya la kulikaza tena.

Kofia ya Sheffield

Asili inayokubalika zaidi ya "hat-trick" ni mchezo wa kriketi. Mrushaji hurusha mpira akitafuta kumtoa mpigaji, kwa mfano kwa kuangusha nguzo tatu za mbao zilizo nyuma yake. Mpigaji akitolewa, mrushaji huhesabiwa wiketi moja. Kuwatoa wapigaji watatu kwa mipira mitatu inayofuatana ni jambo adimu, kwa sababu kila mpigaji mpya huingia akijua kilichomkuta mwenzake na hujilinda kwa hadhari zaidi.

Mwaka 1858, H. H. Stephenson, mchezaji wa Surrey, alilifanya hilo katika uwanja wa Hyde Park mjini Sheffield, akiichezea timu ya All-England Eleven. Watazamaji walichangishana fedha, kofia ikanunuliwa, naye akakabidhiwa. Katika Uingereza ya wakati huo mwanamume mwenye heshima zake hakutoka nyumbani kichwa wazi, na hata wachezaji wa kriketi waliingia uwanjani wakiwa wamevaa kofia ndefu. Kofia nzuri iligharimu fedha na ilionekana na kila mtu, kwa hiyo ilifaa kuwa tuzo ya hadharani kwa mtu anayeishi kwa kucheza. Stephenson mwenyewe aliendelea kupanda, na miaka mitatu baadaye ndiye aliyekuwa nahodha wa timu ya kwanza ya Waingereza kuzuru Australia, mwaka 1861.

Kufikia miaka ya 1870 magazeti na vitabu vya kriketi vya Uingereza vilikuwa vikilitumia neno hilo. Januari 1879, mjini Melbourne, Mwaustralia Fred Spofforth aliwatoa Waingereza watatu kwa mipira mitatu mfululizo, na hiyo ikawa hat-trick ya kwanza katika mechi za kimataifa za ngazi ya juu.

Kriketi imelilinda sharti lake kwa ukali hadi leo. Kinachohesabiwa ni mipira ya mrushaji huyo, si saa wala siku, na sheria hiyo imezaa matukio ya ajabu. Desemba 1988, mjini Perth, Merv Hughes wa Australia aliitoa wiketi ya kwanza kwa mpira wa mwisho wa zamu yake ya kurusha, na ya pili kwa mpira wa kwanza wa zamu iliyofuata, ambayo ndiyo iliyofunga kipindi cha kupiga cha West Indies. Timu yake ikaingia kupiga. West Indies waliporudi tena, mpira wa kwanza wa Hughes ukamtoa Gordon Greenidge. Wiketi tatu zikawa zimetawanyika katika zamu tatu za kurusha na vipindi viwili vya mchezo, lakini kwa kuwa hakurusha mpira mwingine katikati, mfululizo ulikuwa mzima.

Afrika Mashariki nayo imewahi kuwa upande wa kuumizwa na kofia hiyo. Tarehe 15 Machi 2003, mjini Durban, Brett Lee wa Australia aliwatoa Wakenya watatu, Kennedy Otieno, Brijal Patel na David Obuya, kwa mipira mitatu mfululizo katika Kombe la Dunia. Kenya haikuporomoka. Katika mechi hiyohiyo Aasif Karim alitoa wiketi 3 kwa kuruhusu mikimbio 7 tu, na ingawa Kenya ilishindwa, ilicheza nusu fainali ya mashindano hayo siku chache baadaye.

Tatu mfululizo, chukua jumla

Kofia ya Sheffield haikuwa desturi ya peke yake. Katika Uingereza ya karne ya 19 lilienea wazo kwamba anayeshinda mara tatu mfululizo amevuka ubingwa wa kawaida na anastahili kuichukua tuzo iwe mali yake moja kwa moja.

Mashindano ya wazi ya gofu yalipoanza Prestwick, Scotland, mwaka 1860, mshindi alipewa mkanda mpana wa ngozi nyekundu uliopambwa kwa fedha. Kanuni ilisema atakayeshinda mara tatu mfululizo ataondoka nao jumla. Kijana Tom Morris, aliyeitwa Young Tom ili asichanganywe na baba yake aliyekuwa bingwa pia, alishinda 1868, 1869 na 1870, akauchukua akiwa na umri wa miaka 19. Waandaaji wakabaki mikono mitupu, na mwaka 1871 mashindano hayakufanyika kabisa kwa sababu hapakuwa na cha kushindania. Yaliporudi mwaka 1872, vilabu vitatu vikiwa vimekubaliana kuchangia tuzo mpya, Young Tom alishinda tena, na jina lake ndilo la kwanza kuchongwa kwenye jagi la fedha linalogombewa hadi sasa.

Soka lilipitia njia hiyohiyo. Wanderers ya London ilitwaa Kombe la FA mwaka 1876, 1877 na 1878, na kwa kanuni kombe likawa lake. Klabu ililirudisha kwa sharti moja: kwamba kuanzia hapo klabu yoyote isiweze kulichukua jumla. Blackburn Rovers iliposhinda mara tatu mfululizo kati ya 1884 na 1886, ilipewa ngao maalumu ya fedha, kombe lenyewe likabaki kushindaniwa.

Wazo hilo lilivuka bahari, lakini likiwa limelegezwa. Kombe la Dunia la Jules Rimet lilikuwa liende kwa nchi itakayoshinda mara tatu, ziwe zimefuatana au la. Brazili ilishinda 1958, 1962 na 1970, ikakabidhiwa jumla, kisha likaibwa mjini Rio de Janeiro mwaka 1983. Barani kwetu, kombe la kwanza la Mataifa ya Afrika lilikwenda Ghana kwa mtindo huohuo baada ya ushindi wa 1963, 1965 na 1978. Lililofuata lilibaki Cameroon, iliyoshinda 1984, 1988 na 2000. Misri, iliyokuja kushinda mara tatu mfululizo kweli, 2006, 2008 na 2010 chini ya kocha Hassan Shehata, ingetimiza hata kanuni ya zamani ya Prestwick.

Soka na kulegea kwa sharti

Neno "hat-trick" lilipoingia kwenye soka lilikuta mchezo usio na zamu. Kwenye kriketi mipira ya mrushaji inahesabika mmoja baada ya mwingine, ilhali kwenye soka mshambuliaji hana majaribio yanayopangwa kwa foleni. Kilichobaki ni idadi: mabao matatu ya mchezaji mmoja katika mechi moja, hata kama wenzake au wapinzani wamefunga katikati. Kofia nayo ikatoweka, nafasi yake ikachukuliwa na mpira wa mechi. Ndiyo maana hata wachambuzi wetu husema mfungaji "ameondoka na mpira wake".

Mpira wa fainali ya 1966 unaonyesha kuwa hata desturi hiyo ilichelewa kukomaa. Geoff Hurst aliifungia Uingereza mabao matatu dhidi ya Ujerumani Magharibi katika uwanja wa Wembley, lakini aliyeondoka na mpira ni Helmut Haller, mfungaji wa bao la kwanza la Wajerumani. Ulirudishwa Uingereza mwaka 1996, miaka 30 baadaye. Hurst alibaki peke yake katika orodha ya waliofunga matatu kwenye fainali ya Kombe la Dunia la wanaume hadi Desemba 2022, Kylian Mbappé alipoyafunga nchini Qatar, na bado Ufaransa ikashindwa na Argentina kwa penalti.

Sharti lilipolegea, kila nchi ilianza kulikaza kwa namna yake. Wajerumani wana jina la heshima kwa hat-trick wanayoiona safi kabisa: mabao matatu ya mtu mmoja, katika kipindi kimoja, bila bao la mtu mwingine kuingia kati. Kwa maneno mengine, wamelirudisha sharti la kriketi kupitia mlango wa nyuma. Waingereza walichagua ugumu wa aina nyingine. Wao husifu hat-trick "kamilifu", yenye bao la mguu wa kulia, la kushoto na la kichwa. Wahispania walipanda juu zaidi ya tatu: mabao manne huyaita kwa jina la mchezo wa karata wa poka, na matano huyafananisha na mkono wenye vidole vitano. Brazili ina utaratibu wake wa kupendeza, ambapo mchezaji aliyefunga matatu wikiendi huomba wimbo upigwe katika kipindi cha televisheni cha Fantástico.

Kumbukumbu nazo zilihitaji kukazwa. Kwa miongo mingi vitabu vilimtaja Guillermo Stábile wa Argentina kuwa wa kwanza kufunga hat-trick katika Kombe la Dunia, dhidi ya Mexico tarehe 19 Julai 1930. Siku mbili kabla, Bert Patenaude wa Marekani alikuwa amefunga matatu dhidi ya Paraguay, lakini moja ya mabao yake lilikuwa likiandikwa kwa jina la mtu mwingine. Ilibidi kupekua taarifa za timu, magazeti ya wakati ule na ushahidi wa waliokuwapo hadi FIFA ilipomthibitisha mwaka 2006. Patenaude alikuwa amefariki tangu 1974.

Kofia zarudi kwenye barafu

Ni katika hoki ya barafuni kwamba kofia ilirudi kuwa kofia. Wakanada wana zaidi ya mji mmoja unaodai heshima hiyo. Simulizi linalojulikana zaidi ni la Sammy Taft, muuza kofia wa Toronto. Januari 1946 Alex Kaleta wa Chicago aliingia dukani kwake, akaipenda kofia fulani, lakini fedha hazikutosha. Taft akamwahidi kuwa akifunga mabao matatu usiku ule dhidi ya Toronto Maple Leafs, kofia atapewa bure. Kaleta akafunga manne. Mjini Guelph, kampuni ya kofia ya Biltmore inatajwa kwa zawadi kama hizo, na Montreal ina duka la Henri Henri lenye madai yake.

Wafanyabiashara hao hawakulibuni neno, kwani lilikuwa limekwishavuka kutoka kriketi. Walichofanya ni kulifufua kwa ajili ya biashara. Kofia ikitolewa mbele ya watu hutangaza duka bila gharama kubwa, na gazeti likiandika habari za mchezaji humtaja na muuzaji. Hadi leo mashabiki wa hoki huvua kofia na kapelo zao na kuzirusha barafuni mchezaji afungapo bao la tatu, na mchezo husimama zikikusanywa.

Hoki pia ina jina la mabao matatu yanayofuatana bila bao jingine kati yake, ambayo huhesabiwa hat-trick ya asili. Halafu ina utani wake: bao moja, pasi moja ya bao na ugomvi mmoja katika mechi moja huitwa kwa jina la Gordie Howe, mchezaji mashuhuri wa Detroit. Hapa hata hesabu ya mabao imetupwa, kilichobaki ni namba tatu. Howe mwenyewe huhesabiwa kulifanya hilo mara 2 tu katika maisha yake yote ya kucheza ligi kuu ya Amerika Kaskazini.

Karata, farasi na mwaka wa kalenda

"Grand Slam" lilitoka mezani, kwenye michezo ya karata ya whist na bridge. Humo lilimaanisha kula mizunguko yote 13 bila kumwachia mpinzani hata mmoja. Katika miaka ya 1920 bridge ilivuma sana Marekani, kiasi kwamba mwandishi wa michezo angeweza kuutumia msemo huo akijua wasomaji wataelewa. Mwaka 1930 Bobby Jones aliposhinda mashindano manne makubwa ya gofu ya wakati wake, mawili ya wazi na mawili ya ridhaa, ya Uingereza na Marekani, waandishi walimvalisha jina hilo.

Miaka mitatu baadaye liliingia kwenye tenisi. Mwaustralia Jack Crawford alikuwa ameshinda Australia, Ufaransa na Wimbledon mwaka 1933, na waandishi wa Marekani, akiwamo John Kieran wa New York Times, wakaandika kuwa akishinda na Marekani atakuwa amekula meza nzima. Crawford aliongoza kwa seti mbili dhidi ya moja katika fainali, kisha Fred Perry akamfunga 6–0 na 6–1. Jina likawa limezaliwa kabla ya mwenye kulistahili kupatikana. Aliyelitimiza kwanza ni Don Budge mwaka 1938, akafuatwa na Maureen Connolly mwaka 1953, Rod Laver mwaka 1962 na tena 1969, Margaret Court mwaka 1970, na Steffi Graf mwaka 1988. Graf aliongeza dhahabu ya Olimpiki ya Seoul mwaka uleule, ikabidi litafutwe jina jingine lenye dhahabu ndani yake.

Ugomvi wa tenisi umekuwa juu ya kalenda. Je, mataji manne yafuatane tu, au lazima yawe ya mwaka mmoja? Mwanzoni mwa miaka ya 1980 shirikisho la kimataifa la tenisi liliahidi dola milioni 1 kwa atakayeshikilia mataji yote manne kwa pamoja, na Martina Navratilova alizichukua mwaka 1984 baada ya mfululizo ulioanzia Wimbledon ya 1983. Wapenzi wa kanuni ya zamani hawakukubali kuwa hiyo ni Grand Slam. Serena Williams aliposhinda manne mfululizo kati ya Ufaransa ya 2002 na Australia ya 2003, wengi walikwepa ubishi kwa kuuita mfululizo huo kwa jina lake, kama gofu ilivyokuwa imefanya kwa Tiger Woods mwaka 2001.

Mbio za farasi zilikuwa na kalenda yao mapema zaidi. Uingereza, farasi West Australian alishinda mbio tatu kubwa za farasi wa miaka mitatu mwaka 1853, ingawa jina la mataji matatu, Triple Crown, lilizoeleka baadaye. Marekani, Sir Barton alishinda tatu za kwao mwaka 1919 bila jina hilo kuvuma, na mwandishi Charles Hatton wa Daily Racing Form ndiye anayesifiwa kwa kulieneza katika miaka ya 1930. Kwa farasi sharti halina njia ya kulegea, kwa kuwa kila mnyama ana mwaka mmoja tu wa kuwa na umri unaotakiwa. Ndiyo sababu Wamarekani walisubiri miaka 37, kuanzia Affirmed mwaka 1978 hadi American Pharoah mwaka 2015.

Neno lageuka mali

Mpira wa kikapu wa Marekani ulilifikisha jambo hili mahali pengine. Los Angeles Lakers ilishinda ligi ya NBA mwaka 1987 na 1988, na ikiutazama ubingwa wa tatu mfululizo, mchezaji wake Byron Scott akalitumia neno "three-peat", muungano wa tatu na kurudia. Kocha Pat Riley aliona biashara ndani yake. Mwaka 1988, kupitia kampuni yake, aliomba kulisajili kama alama ya biashara kwa ajili ya fulana, kofia na bidhaa nyingine.

Lakers haikushinda. Fainali ya 1989 ilikwenda kwa Detroit Pistons kwa michezo 4–0. Lakini Chicago Bulls ilipochukua mataji ya 1991, 1992 na 1993, bidhaa zenye neno hilo ziliuzwa, na Riley, ambaye sasa alikuwa kocha wa wapinzani wao New York Knicks, akalipwa haki zake. Bulls walirudia 1996 hadi 1998, na Lakers wenyewe wakafanikiwa 2000 hadi 2002. Boston Celtics, waliokuwa wameshinda mara 8 mfululizo kati ya 1959 na 1966, hawakupata neno la kuuzia fulana. Safari iliyoanza kwa watazamaji kuchanga fedha wamnunulie mchezaji kofia ilifika pale ambapo kofia yenye neno la ushindi humlipa mtu aliyekuwa ameshindwa.

Hesabu za nyumbani

Kiswahili cha michezo kililipokea "hat-trick" likiwa na maana ya soka, yaani sharti limekwisha kulegea. Wakati huohuo lugha ilikuwa na hazina yake. Timu ikifungwa matano imepigwa mkono, ikifungwa saba imepigwa wiki. Kombe huitwa ndoo au mwali, na bingwa anayeshinda tena ametetea ubingwa. Kwa jambo lenyewe tunalolizungumza tuna neno lililo wazi kuliko yote hayo ya kigeni: mfululizo.

Hat-trick inayotajwa kuliko zote Tanzania ni ya Abdallah Kibadeni. Tarehe 19 Julai 1977 Simba iliifunga Yanga 6–0, Kibadeni akifunga matatu, Jumanne Hassan "Masimenti" mawili, na moja Yanga wakijifunga. Kibadeni alifungua hesabu ya mabao na ndiye aliyeifunga, huku mabao ya wengine yakiingia katikati. Kwa kipimo cha Wajerumani isingekuwa safi. Kwa kipimo cha watani wa jadi, ambako bao moja tu huzungumzwa mwaka mzima, ni kazi ambayo wazee wa Kariakoo bado wanaisimulia.

Kwa upande wa mataji, vilabu vya Kenya na Tanzania vimezoea mfululizo mrefu kuliko tatu. Gor Mahia ilitwaa ligi 2013, 2014 na 2015, kisha ikatwaa tena mara nne kuanzia 2017 hadi msimu wa 2019/20. Simba ilibeba mara nne mfululizo kuanzia 2017/18 hadi 2020/21, na Yanga ikajibu kwa nne zake kuanzia 2021/22 hadi 2024/25. Ngazi ya bara ni ngumu zaidi. Klabu ya Lubumbashi, tunayoijua leo kama TP Mazembe, ilishinda ubingwa wa Afrika 1967 na 1968, ikafika fainali za 1969 na 1970 ikashindwa, kisha ikashinda tena 2009 na 2010. Al Ahly ya Misri imeutetea ubingwa huo mara kadhaa. Hakuna klabu iliyowahi kuutwaa mara tatu mfululizo.

Riadha ndiyo yenye mfululizo wetu mkubwa kuliko wote, na hauna jina la mkato. Kuanzia Amos Biwott mwaka 1968 hadi Conseslus Kipruto mwaka 2016, Kenya ilishinda dhahabu ya wanaume ya mita 3,000 kuruka viunzi na maji katika kila Olimpiki iliyoshiriki, mara 11, hadi Soufiane El Bakkali wa Morocco alipoukata mjini Tokyo. Kenya haikwenda Olimpiki za 1976 na 1980. Je, mfululizo ulikatika? Kwa mantiki ya kriketi, iliyompa Merv Hughes haki yake, haukukatika, kwa sababu hakuna mbio ambazo Kenya ilikimbia ikashindwa. Faith Kipyegon hahitaji hoja kama hiyo: dhahabu zake za mita 1,500 za Rio, Tokyo na Paris zimefuatana bila pengo, na hakuna mwanariadha mwingine, mwanamume wala mwanamke, aliyewahi kufanya hivyo katika mbio hizo.

Yupo pia Juma Ikangaa wa Tanzania, aliyemaliza wa pili katika Boston Marathon mwaka 1988, 1989 na 1990, mara ya kwanza akiachwa na Mkenya Ibrahim Hussein kwa sekunde 1. Kuwa wa pili mara tatu mfululizo katika mbio hizo kunadai uimara uleule wa bingwa, lakini hapakutokea mchangishaji, muuza kofia wala mwandishi wa kulipa jambo hilo jina.

Wito kwa waandishi na vilabu

Historia hii inaonyesha kuwa jina hudumu pale tu mtu anapojitolea kulitoa na mwingine anapoandika kilichotokea. Patenaude alipata haki yake baada ya miaka 76 kwa sababu karatasi za 1930 zilitunzwa. Mechi nyingi za ligi zetu za miaka ya 1960 na 1970 zimo vichwani mwa wazee na katika magazeti yanayochakaa makabatini.

Kwa hiyo waandishi wa michezo watofautishe idadi na mfululizo kila wanapotangaza rekodi: mabao matatu ni jambo moja, matatu yanayofuatana ni jingine, na mataji matatu yenye pengo katikati ni la tatu. Vilabu na mashirikisho nayo yakusanye orodha za wafungaji, dakika na tarehe, yaziweke mahali ambapo mtafiti yeyote anaweza kuzisoma. Na wewe msomaji mwenye gazeti la zamani, picha ya timu au tikiti ya mechi nyumbani, usiitupe. Ipeleke maktaba au makumbusho iliyo karibu nawe.